Magoli 60 kwa pauni 8 kwa wiki: kwa nini Dixie Dean hakutajirika

"Shikamoo mwalimu. Kijiweni kwetu tuna ubishi wa wiki nzima. Nilisema Dixie Dean wa Everton alifunga magoli 60 ya ligi msimu mmoja, wakanicheka, nikawaonyesha kwenye simu wakanyamaza, sasa wamehamia kwingine. Wanasema ligi ya enzi hizo ilikuwa ya ndondo tu, na jamaa alipiga hela akazinywea pombe zote ndo maana uzeeni akawa mbeba mizigo. Nikauliza kama alikuwa mkali hivyo mbona hakuhamia timu yenye hela zaidi, hakuna aliyejibu. Mmoja anasema alifia uwanjani Goodison, hilo nalo ni kweli? Nauliza pia kwa sababu mdogo wangu ana miaka 17 na kuna timu imemletea mkataba, baba anataka asaini haraka kabla hawajabadili mawazo, mimi roho inasita."

Marahaba. Nianze na hilo la pombe maana ndo linaloniudhi. Tukisikia mchezaji wa zamani kafa hana kitu jibu huwa liko tayari mdomoni, alikunywa, aliendekeza starehe, hakuwa na akili ya maisha. Wapo wa hivyo, sikatai. Ila kwa Dean hesabu yenyewe inakataa, mtu hawezi kunywea hela ambazo hakupewa.

Iko hivi. Kuanzia 1922 mpaka vita ya pili inaanza, mchezaji wa ligi ya England alikuwa na dari ya mshahara: pauni 8 kwa wiki msimu ukiwa unaendelea, na pauni 6 kwa wiki kipindi cha kiangazi ligi ikisimama. Usisome hiyo kama wastani, hapo ndo mwisho kabisa, juu yake hakuna ngazi. Ukifunga magoli 60 ni pauni 8, ukifunga 6 na klabu ikakupenda ni pauni 8 vilevile. Mkishinda kuna bonasi ya pauni 2, mkitoka sare pauni 1, na siku unasaini timu mpya unapewa pauni 10 imeisha hiyo. Sasa usije ukaenda kijiweni ukasema Dean alikuwa na njaa, hapana, fundi mzuri wa kiwandani wakati huo alikuwa anapata kama pauni 3 kwa wiki na nyumba mpya ya kawaida ilikuwa inauzwa karibu na pauni 500, kwa hiyo mchezaji wa daraja la kwanza alikula vizuri na alivaa vizuri. Ila ule ni mshahara wa mtu mwenye kazi nzuri, na kazi yenyewe inakuishia ukiwa na miaka 30 na ushee huku fundi wa kiwandani bado ana miaka mingine 30 ya kuchapa kazi.

Fanya hesabu ya mlangoni uone. Kiingilio cha chini kilikuwa shilingi 1 (shilingi ya Mwingereza, ile ile tuliyorithi jina lake, 20 ndo zinafanya pauni moja). Chukua Jumamosi moja Goodison Park, uwanja wa Everton wa enzi hizo, wameingia watu 40,000, na tuseme wote wamelipa bei ya chini kabisa. Hizo ni shilingi 40,000, yaani pauni 2,000. Wachezaji 11 mara pauni 8 ni pauni 88. Haya toa kodi ya burudani ya serikali, toa mgao wa timu ngeni, toa refa, toa nauli za treni na hoteli, toa unachotaka kutoa, bado utabaki unajiuliza hela zilikuwa zinaenda wapi maana sehemu kubwa ya wale watu walikuja kumwangalia mtu mmoja anaruka kupiga kichwa.

Dari hiyo hawakuiweka serikali, waliiweka klabu zenyewe na wakubwa wa mpira wa Uingereza. Ilianza 1901 ikiwa pauni 4, ikapandishwa baada ya vita ya kwanza, ikashushwa tena hapo 1922. Na hoja yao haikuwa ya kijinga, nisiwe mnafiki. Timu za miji midogo ziliogopa kwamba bila dari tajiri mmoja atabeba wachezaji wote wazuri ligi ife. Ukiangalia miaka ya mwanzo baada ya vita utaona ubingwa ulizunguka kweli, Burnley walichukua, Huddersfield walichukua mara tatu mfululizo kuanzia 1924 mpaka 1926, timu ambayo leo vijana wengi hata hawaijui. Ila dari iliwekwa kwenye mshahara tu, kwenye ada ya uhamisho hakuna aliyeweka kitu. Mwaka 1928 Arsenal waliwalipa Bolton pauni 10,890 kumchukua David Jack. Pauni elfu kumi na kitu! Jack mwenyewe alienda kulipwa kulekule kwenye dari. Na Arsenal wakabeba ubingwa mara tano miaka ya 30, kwa hiyo ile hoja ya kumzuia tajiri hata yenyewe haikufanya kazi, kilichozuiwa ni mfuko wa mchezaji.

Sasa hapa ndo naingia kwenye swali lako ambalo wenzako walishindwa, mbona hakuhama. Jibu la kwanza umeshalipata, ahamie wapi wakati timu yenye hela zaidi inalipa pauni 8 zile zile? Jibu la pili ni baya zaidi. Hata angetaka, hakuwa na mamlaka ya kuhama. Tangu 1893 ligi ilikuwa na kanuni kwamba mchezaji akishasajiliwa na klabu hawezi kuichezea klabu nyingine ya ligi mpaka ile ya kwanza imruhusu, *hata kama mkataba wake umeisha*. Soma tena hapo. Leo tumezoea mkataba ukiisha mchezaji yuko huru anabeba begi lake, wakati ule mkataba ulikuwa wa mwaka mmoja mmoja na kila mwisho wa msimu klabu inatoa majina, hawa tunabaki nao, hawa tunauza. Ukiwa kwenye wanaobaki unasaini wanachokupa, hata kama wamekushushia mshahara, na ukikataa huchezi ligi popote na hulipwi. Ukiwa kwenye wanaouzwa unakaa nyumbani bila mshahara unasubiri mnunuzi, na bei wanapanga wao, wakiweka bei ya juu hakuna wa kukununua shauri yako.

Utaniuliza mbona hawakwenda mahakamani. Walienda. Harry Kingaby aliwashtaki Aston Villa mwaka 1912 kwa sababu walimwekea bei kubwa mpaka akakosa timu, akashindwa kesi, na kesi hiyo ikawatisha wote waliofuata kwa miaka 50. Chama cha wachezaji kilikuwepo tangu 1907, ila nguvu ya kugoma haikuwepo, mtoto wa seremala anayelipwa pauni 8 wakati baba yake anapata 3 unamwambia agome aanzie wapi.

Dean mwenyewe somo la karatasi alilipata mapema sana. Alizaliwa Birkenhead mwaka 1907, ng'ambo ya mto ukitokea Liverpool, akaanza Tranmere Rovers ya hapohapo kwao, na Machi 1925 akiwa na miaka 18 Everton wakamnunua kwa pauni 3,000. Uzeeni alikuwa anasimulia kwamba nyumbani waliahidiwa watapata asilimia kumi ya hiyo hela, yaani pauni 300, hela ilipokuja ikawa pauni 30. Akamfuata mkubwa wa ligi kulalamika, akaambiwa umeshasaini, basi. Weka hiyo kichwani, tutarudi kwa mdogo wako.

Na sasa angalia mwisho wake. Machi 1938, baada ya miaka 13, magoli 349 ya ligi, ubingwa wa 1928 na wa 1932, kombe la FA la 1933 ambalo fainali yake ndo ya kwanza kuchezwa na namba mgongoni na yeye akavaa 9, Everton wakamuuza Notts County ya daraja la tatu kwa pauni 3,000. Bei ile ile waliyomnunulia! Mimi nilipoiona mara ya kwanza nilidhani mwandishi kakosea. Klabu ilimtumia miaka 13 ikarudishiwa hela yake yote, na yeye siku ya kuondoka hapo katikati haki yake ni ile pauni 10 ya kusaini. Kulikuwa na kitu kinaitwa benefiti, malipo ya kukaa klabu moja miaka mitano, yalikuwa na mwisho wa pauni 650, ila kanuni ilisema klabu *inaruhusiwa* kulipa, haikusema lazima. Tofauti ya maneno hayo mawili imewaumiza wengi.

Haya, ligi ya ndondo. Hapa wenzako wana nusu ya hoja, wape. Mwaka 1925 sheria ya kuotea ilibadilishwa. Zamani ili usiwe umeotea ilibidi kuwe na wapinzani watatu kati yako na goli, kipa akiwa mmoja wao, kwa hiyo beki mmoja akisogea mbele hatua mbili kwa wakati unaofaa fowadi wote wamenasa, na kuna mabeki kama Bill McCracken wa Newcastle waliifanya hiyo kuwa ufundi mpaka mechi zikawa hazitazamiki. Wakapunguza kutoka watatu hadi wawili. Msimu wa mwisho wa sheria ya zamani madaraja yote ya ligi yalitoa magoli 4,700, msimu uliofuata idadi ya mechi ile ile yakawa 6,373. Kwa hiyo ndio, mlango ulifunguliwa.

Lakini mlango ulifunguliwa kwa kila fowadi wa England, na aliyefika 60 daraja la kwanza ni mmoja tu. George Camsell wa Middlesbrough alifunga 59 msimu wa 1926-27 ila lile lilikuwa daraja la pili. Daraja la kwanza aliyemkaribia Dean ni Pongo Waring wa Aston Villa, magoli 49 msimu wa 1930-31. Halafu mlango wenyewe haukukaa wazi muda mrefu, makocha walianza kumrudisha kiungo wa kati acheze beki amkabe huyo straika mtu na mtu, na msimu wa 1927-28, huo wa magoli 60 ya Dean, ulikuwa tayari wa tatu chini ya sheria mpya. Haaland alipovunja rekodi ya siku hizi alifunga 36 katika ligi ya mechi 38, Dean alicheza mechi 39 kati ya 42. Kulinganisha enzi ni kazi ngumu na sipendi kusema nani zaidi, ila kuiita ndondo ligi ambayo Huddersfield wa wakati ule walimaliza wa pili, hapana.

Na ile siku yenyewe uwahadithie vizuri, maana wengi wanataja namba tu. Zimebaki mechi mbili, Dean anahitaji magoli saba kuipita ya Camsell. Burnley ugenini akapiga manne. Mei 5, 1928 wanakuja Arsenal Goodison, ubingwa Everton wameshauchukua, watu wamekuja kwa ajili ya magoli matatu tu. Arsenal wakatangulia dakika za mwanzo kabisa, Dean akasawazisha papo hapo, kidogo akaangushwa kwenye boksi akaifunga penati mwenyewe, yote hayo watu wengine hawajapata hata nafasi nzuri ya kusimama. Halafu kimya. Saa nzima na zaidi hakuna kitu, Arsenal wamesawazisha, hakuna kumtoa mtu maana mchezaji wa akiba hakuwepo kwenye sheria mpaka 1965, umechoka unacheza, umeumia unacheza. Dakika zinayoyoma winga mdogo wa Kiskoti Alec Troup akapiga kona, Dean akapanda juu ya wote, kichwa, wavuni. Arsenal walisawazisha tena ikaisha 3-3 na hakuna aliyejali. Halafu kumbuka mpira wenyewe ulikuwa wa ngozi umefungwa kwa kamba, ukilowa mvua ya Liverpool unanyonya maji unakuwa mzito, na ile kamba ikikupata paji la uso unajua umepigwa.

Tena huyo anayeruka hivyo, miaka miwili kabla, kiangazi cha 1926, alipata ajali ya pikipiki kule Wales akavunjika fuvu na taya, madaktari wakawa na wasiwasi kama atacheza tena. Oktoba mwaka huohuo alikuwa uwanjani na akafunga, na alifunga kwa kichwa. Na kabla ya hapo, enzi za Tranmere, aliwahi kupigwa teke na beki makusudi akapoteza korodani moja. Hakukuwa na bima unayoifahamu wewe. Kwa hiyo ukiona miaka 31 kasi imeisha, mwili ulikuwa umetumika kama gari la mizigo. Everton walikuwa wameshamleta kijana Tommy Lawton, miaka 17, kwa pauni 6,500, na Dean badala ya kumnunia akamfundisha kupiga kichwa. Akaenda Notts County akacheza mechi chache mno, akavuka bahari kwenda Sligo Rovers ya Ireland mwanzoni mwa 1939, huko akafunga tena kama mvua na wakafika fainali ya kombe, kisha vita ikaja.

Baada ya hapo alisimamia baa kule Chester miaka mingi, na uzeeni akafanya kazi ya kubeba mizigo Littlewoods, kampuni kubwa ya kubeti ya wakati huo, ile ya kujaza matokeo ya mechi kwenye karatasi unatuma kwa posta. Mikeka ya zamani, tuseme. Mwenye kampuni John Moores ndo alikuwa pia bosi wa Everton kuanzia 1960. Mimi siioni kama aibu, ni kazi halali ya mzee asiye na pensheni ya mpira. Mwaka 1964 walimfanyia mechi ya heshima pale Goodison watu zaidi ya 36,000 wakaja, zikapatikana kama pauni 7,000. Piga hesabu: jioni moja, akiwa na miaka 57 na hajagusa mpira, ilimpa karibu sawa na mishahara ya miaka 18 ya ile ya dari. Na dari yenyewe ilikuwa imeondolewa Januari 1961, ile kanuni ya kumshikilia mchezaji ikavunjwa nguvu mahakamani 1963 na George Eastham aliyewashtaki Newcastle. Dean alikosa vyote viwili kwa zaidi ya miaka 20.

Sasa mdogo wako. Hiyo minyororo ya Dean haipo tena, na tangu kesi ya mchezaji Bosman ya 1995 dunia nzima imezoea kwamba mkataba ukiisha mchezaji yuko huru. Kwa hiyo usimtishe baba kwa stori ya 1925 kana kwamba ni leo. Ila miaka ndani ya mkataba bado inafunga, ndo maana kitu cha kwanza kuangalia ni urefu. Kanuni za FIFA zinasema aliye chini ya miaka 18 mkataba wake wa kulipwa usizidi miaka mitatu, kama karatasi mliyoletewa inasema mitano hapo pana shida. Cha pili, kila ahadi ya mdomo iandikwe, ya shule, ya matibabu, ya mgao akiuzwa, kumbuka zile 300 zilizogeuka 30. Cha tatu soma maneno "klabu inaweza" na "klabu italazimika" kama unavyosoma majina ya kwenye hati ya kiwanja. Na kama kuna mtu anasema atampeleka Ulaya mwaka huu huu na ana 17, kaa chonjo sana, kanuni za kuhamisha watoto nje ya nchi zimebana mno.

Zaidi ya hapo mimi ni mtu wa historia, siwezi kukusomea mkataba ambao sijauona na hata ningeuona mimi sio mwanasheria. Chukueni nakala mwende kwa wakili ana kwa ana, baba awepo, na kama mtafika kwa chama cha wachezaji ni bora zaidi maana wao wameshaona mikataba ya aina hiyo mingi. Gharama ya wakili itamuuma mzee siku moja. Mwambie timu inayomtaka mtoto kweli itasubiri wiki moja, na ile isiyoweza kusubiri wiki moja imeshakujibu swali lako.

Na huyo wa kijiweni aliyesema alifia uwanjani, mpe soda yake, kasema kweli. Dean alikuwa amekatwa mguu wa kulia mwaka 1976, afya ilikuwa mbaya na alikuwa hajaenda Goodison muda mrefu. Machi 1, 1980 wakampeleka kuangalia Everton na Liverpool, moyo ukasimama akiwa palepale jukwaani, akiwa na miaka 73. Liverpool walishinda 2-1. Na ukipenda uwaambie pia kwamba jina la Dixie mwenyewe hakulipenda, watu waliomjua walimwita Bill.